Aonekanaye Pasipo Kusikika: Ayub Ogada, Litungu na Swali la Mtunzi wa Muziki wa Filamu

Wahakiki wetu wa Kiswahili wameipokea filamu kwa shingo upande. Tamthilia ina nafasi yake katika majarida yetu, riwaya ina nafasi kubwa zaidi, na ushairi ndio usiokosa watetezi. Filamu inapotajwa, huhakikiwa kana kwamba ni tamthilia iliyopigwa picha: tunaulizwa kisa ni kipi, wahusika ni akina nani, lugha yao ni ya tabaka gani. Muziki wake hautajwi, au hutajwa katika sentensi moja ya mwisho kwamba "ulivutia". Nionavyo mimi, kimya hicho kina hasara, kwa sababu katika filamu zilizoisawiri Kenya mbele ya ulimwengu, muziki ndio uliomwagiza mtazamaji amwonee nani huruma.

Makala haya yanakusudia kumfuata msanii mmoja, Ayub Ogada, na kuuliza ni mahali gani hasa alipewa katika sanaa ya filamu. Ninamtazama kutoka Bungoma na Kitale, ingawa yeye mwenyewe hakuwa mtu wa huko: alizaliwa Mombasa mwaka 1956 katika familia ya Wajaluo, na alifariki Nyahera, karibu na Kisumu, Februari 2019. Kuna sababu za kumtazama kutoka upande huo. Ala iliyompa jina, nyatiti, ina ndugu yake huku chini ya Mlima Elgon, nayo ni litungu ya Wabukusu. Tena mwenyeji wa Bungoma asiyejua Dholuo yuko katika hali ya pekee anaposikia wimbo wa Ogada: maneno ni mageni kwake kama yalivyo kwa mtazamaji wa London, lakini nyuzi si ngeni hata kidogo. Msikilizaji wa namna hiyo anaweza kutuonyesha mambo ambayo Mjaluo ameyazoea mno, na ambayo Mzungu hawezi kuyasikia.

Hoja yangu ni hii: Ogada aliingia katika filamu kubwa za kigeni kwa milango miwili isiyokutana. Kwanza uliingia mwili wake bila muziki wake, kisha ukaingia muziki wake bila yeye. Hakupewa katika filamu hizo kazi ya kukaa mbele ya picha na kuamua zisindikizwe kwa sauti gani. Yafaa basi tuulize kama alikosa ujuzi au alikosa nafasi.

Tuanze na mwili. Katika *Out of Africa*, filamu ya Sydney Pollack ya mwaka 1985, yumo mhusika aitwaye Kanuthia, msaidizi wa Denys Finch Hatton. Mwigizaji wake ni Job Seda, na Job Seda ndiye Ayub Ogada kabla hajajulikana kwa jina hilo. (Msomaji wa Biblia ya Kiswahili hahitaji kuelezwa kwamba Job na Ayubu ni jina moja. Mtu huyu hakuliacha jina lake alipobadili, alilitafsiri.) Kanuthia huonekana zaidi kuliko anavyosema. Husimama, hungoja, hutazama. Wakati huo mwigizaji wake alikwisha kuwa mwanamuziki wa miaka mingi: katika miaka ya sabini alikuwa katika kundi la Black Savage la Nairobi, na mwaka 1979 alikuwa miongoni mwa walioianzisha African Heritage Band. Lakini muziki unaopita juu ya kichwa cha Kanuthia ni wa John Barry, Mwingereza, nao ni muziki wa okestra yenye vinanda vingi vya nyuzi vinavyopanda kama mawimbi. Pamoja nao imo tamasha ya klarineti ya Mozart inayochezwa kwenye santuri ya Denys. Filamu ilipata tuzo 7 za Oscar, na moja ilikuwa ya Barry.

Sisemi kwamba Barry alitunga vibaya. Muziki wake unafanya kwa ustadi kazi aliyoikusudia, yaani kumweleza mwanamke wa Kidenmark anavyolikumbuka shamba alilolipoteza. Nyuzi zile ni kumbukumbu yake. Kinachonishughulisha ni kwamba, kwa sababu hiyo hiyo, hakuna mtu mwingine katika filamu mwenye kumbukumbu. Mtazamaji anapoonyeshwa bonde, husikia Karen anavyolihisi. Kanuthia naye hulitazama bonde hilo hilo, lakini hatuna njia ya kujua analihisi vipi, kwa kuwa hakupewa hata mpigo mmoja. Katika filamu, mhusika asiye na muziki huwa sehemu ya mandhari. Na hapa mhusika huyo alichezwa na mtu ambaye angeweza kuketi na ala yake akaupiga muziki huo mwenyewe.

Mwaka 1986 Ogada alikwenda Uingereza. Alipiga nyatiti katika vituo vya reli ya chini ya ardhi vya London, akipokea sarafu za wapita njia, mpaka akafahamika kwa watu wa tamasha la WOMAD na kampuni ya Real World. Kampuni hiyo ndiyo iliyotoa mwaka 1993 albamu yake *En Mana Kuoyo*. Humo umo wimbo "Kothbiro", ambao tangu wakati huo umetembea kuliko mwenyewe. Jina lake maana yake ni kwamba mvua inakuja, na maudhui yake ni ya kawaida kabisa katika maisha ya wafugaji: mawingu yametanda, ng'ombe warudishwe nyumbani.

Ndipo tunapofika kwenye mlango wa pili. Mwaka 2005 Fernando Meirelles, mwongozaji kutoka Brazil, alitoa *The Constant Gardener*, filamu iliyotokana na riwaya ya John le Carré ya mwaka 2001. Ni kisa cha mume anayechunguza kifo cha mkewe aliyeuawa kwa sababu ya kufichua ukatili wa kampuni za dawa nchini Kenya. Mtunzi wa muziki ni Alberto Iglesias wa Hispania, na kazi hiyo ilimfikisha kwenye orodha ya walioteuliwa kugombea Oscar. Kati ya vipande vyake zimewekwa nyimbo mbili za Ogada, "Dicholo" na "Kothbiro". Nathubutu kusema kwamba watazamaji wengi wakiulizwa wautaje muziki wa filamu hiyo, watauimba "Kothbiro" na si kipande chochote cha Iglesias.

Mhakiki hana budi kuuliza wimbo umefanywa nini humo. Onyo la mvua limegeuka kuwa maombolezo. Maneno hayakutafsiriwa, wala haikukusudiwa yaeleweke. Yaliyotakiwa ni sauti ya mwanamume, mpangilio wa noti unaoshuka, na marudio ya nyuzi yasiyo na haraka. Lugha imevuliwa maana ikabaki kuwa ala. Mjaluo anayetazama filamu hiyo hupokea ujumbe wa pande mbili kwa wakati mmoja: macho yanaambiwa mtu amekufa, masikio yanaambiwa mifugo ikusanywe. Wako watakaosema huo ni wizi wa maana, na hasira yao naielewa. Mimi nasita kufika huko. Wimbo wa kazi kuwa wimbo wa kilio si jambo geni katika fasihi simulizi yetu, na mvua inayokuja, kwa mtu aliyefiwa, yaweza kuwa picha kamili ya msiba. Kosa ninaloliona mimi ni jingine: uamuzi wa kuigeuza maana hiyo haukuwa wa mwimbaji. Ulifanywa katika chumba ambamo hakuwemo, na watu wasiohitaji kujua maneno yanasema nini.

Na hapa msikilizaji wa Bungoma anaweza kuongeza neno. Wabukusu wana namna yao iliyokamilika ya kumsindikiza mzee aliyefariki, nayo ni khuswala kumuse. Msemaji aliyerithi kazi hiyo husimama mbele ya umati, hutembea huku na huko akinena, hutaja nasaba, historia ya vita na uhamiaji, makosa ya walio hai na maonyo kwao. Ni hotuba, hakuna nyuzi. Kwa hiyo mtu aliyekulia katika mila hiyo, akisikia nyuzi juu ya picha ya msiba, huwa na lake la kuuliza, kwa sababu litungu amelizoea katika karamu, harusi na baraza za wazee. Sikio lake halikubali moja kwa moja kwamba nyuzi za polepole zikiandamana na sauti ya Kiafrika ni kilio. Filamu za Ulaya na Marekani ndizo zilizotuzoesha kusikia hivyo, na tumezoea upesi kuliko inavyofaa.

Sasa nieleze litungu lenyewe, maana ndilo kiini cha hoja. Kamusi zetu humtatiza mwanafunzi kwa kuiita kila ala ya nyuzi "zeze". Zeze lina shingo, na nyuzi zake hupita juu ya shingo hiyo. Litungu, kama nyatiti ya Wajaluo, obokano ya Abagusii na chepkong' ya Wakalenjin, lina mikono miwili inayotoka kwenye bakuli la mti lililowambwa ngozi, na mti wa kukingama juu ambako nyuzi hufungwa. "Kinubi" cha Biblia kiko karibu zaidi. Litungu la kawaida lina nyuzi 7, nyatiti ina 8. Mpiga nyatiti wa jadi huvaa pete kwenye kidole gumba cha mguu na kuigonga kwenye ala, na njuga zikiwa mguuni, hata mtu mmoja akawa kundi zima. Katika "Kothbiro" ya mwaka 1993 mlio huo mkavu wa pete hauko mbele. Upigaji ni wa upole, karibu wa faragha. Ogada alikwisha kuipunguza ala yake hata ikaweza kukaa chini ya sauti ya mtu bila kuifunika, na ndiyo maana ilikubalika kwa urahisi katika filamu.

Lakini ufundi huo wa kukaa chini ya sauti hakuuzua Ogada wala studio ya Uingereza. Anayesikiliza kwa makini wapiga litungu wa Bungoma atagundua kwamba sehemu kubwa ya utendaji wao si kuimba bali ni kusema. Mpigaji huanzisha mzunguko mfupi wa noti, huurudia mpaka hadhira iuzoee, kisha huanza kuzungumza juu yake: hutaja aliyemwalika, husimulia kisa cha jirani, humsifu marehemu babu, hutania. Wakati wa kusema mkono hupungua nguvu lakini mzunguko haukatiki. Anapolifikia jina la mtu, huacha uzi mmoja ulie peke yake. Kisa kinapogeuka, mzunguko nao hugeuka kidogo, labda noti moja tu, na msikilizaji huhisi kwamba jambo linakuja kabla hajaambiwa. Kisha wimbo hurudi kwa sauti kamili, na waitikiaji huupokea.

Mtu yeyote aliyewahi kukaa na wahariri wa filamu ataitambua kazi hiyo mara moja. Kuweka muziki chini ya maneno, kuupunguza mhusika anapofungua mdomo, kuutanguliza mbele ya tukio, kuunyamazisha ili jina lisikike: hayo ndiyo mambo makuu ya mtunzi wa filamu. Tofauti ni kwamba mpiga litungu huyafanya papo hapo, akiwa yeye mwenyewe ni msimulizi, mpigaji na mhariri.

Hata nje ya litungu, utamaduni wa Wabukusu unajua kusindikiza tendo kwa sauti hatua kwa hatua. Chukua sikhebo, tohara inayofanywa mwezi wa Agosti wa miaka ya shufwa. Mvulana hugonga chinyimba, kengele zile za chuma, akizunguka kuwaalika ndugu. Alfajiri hupelekwa mtoni akapakwa tope, na anaporudi huimbwa wimbo uitwao sioyaye, ambao hauimbwi ovyo siku nyingine. Mtu aliyefumba macho angejua tukio limefika wapi. Laiti mwongozaji mmoja angesoma mpangilio huo kama anavyosoma mpangilio wa opera ya Italia!

Narudi basi kwenye swali la ujuzi au nafasi. Ujuzi ulikuwepo. Uliokosekana ni mtu wa kuutambua kuwa ni utunzi, na hapa lugha yetu inahusika. Neno "mtunzi" latokana na kutunga, na kutunga kabla ya kuwa ni kuandika mashairi ni kupitisha uzi: tunatunga shanga, tunatunga samaki. Kwa maana hiyo ya asili, Iglesias ni mtunzi hasa, maana alizipanga sauti katika uzi mmoja, zake na za wengine. Ogada naye ni mtunzi kwa maana ya pili, ya aliyeifanya shanga yenyewe. Kiswahili kinawaita wote wawili kwa neno moja, nayo sheria inaongeza wa tatu: kwa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, mwenye kuhesabiwa mtunzi wa kazi ya picha na sauti ni yule aliyefanya maandalizi ya kutengenezwa kwake. Haki ya muziki uliomo hubaki kuwa jambo lake lenyewe, lakini katika mazungumzo ya kila siku watu hawa watatu huchanganyika, na katika kuchanganyika huko mwenye shanga ndiye apoteaye. Napendekeza tumwite anayepanga muziki wa filamu nzima "msindikizaji", au kwa ukamilifu "mtunzi msindikizaji", na neno "mtunzi" pekee tulibakize kwa mwenye wimbo. Wenzangu wa istilahi wakileta neno bora nitalipokea.

Jambo hili si la maneno matupu, kama wimbo wenyewe unavyoshuhudia. "Kothbiro" haukuanzia *En Mana Kuoyo*. Ulikwisha kurekodiwa na Black Savage mwaka 1976, ukiwa na gitaa na mdundo wa vijana wa Nairobi wa wakati huo. Rekodi hiyo ya kundi ndiyo iliyochukuliwa kipande na Kanye West katika wimbo wake "Yikes" wa mwaka 2018, na kati ya majina ya watunzi yaliyoandikwa humo yamo ya James Mbarack Achieng na Ayub Ogada. Kwa mtazamaji wa *The Constant Gardener*, sauti ile ilikuwa ya Afrika nzima, isiyo na umri, kana kwamba imeokotwa jangwani. Kumbe ni kazi ya kundi la mjini, iliyotolewa kwenye santuri, yenye mwaka na wenyewe. Ulihitajika mtindo wa muziki wa vijana wa Marekani, wenye desturi ya kuorodhesha kila kipande ulichokopa, kuturudishia jina la pili. Filamu, ambayo hujiona sanaa ya heshima zaidi, haikutufundisha hilo.

Mtu anaweza kuniambia kwamba mambo yamebadilika. Yamebadilika kiasi. *The First Grader* ya mwaka 2010, iliyoongozwa na Justin Chadwick, inasimulia habari za Kimani Maruge, mzee aliyejiandikisha darasa la kwanza mwaka 2004 katika shule ya Kapkenduiyo, Eldoret, safari fupi tu kutoka Kitale. Muziki wake ulitungwa na Alex Heffes, Mwingereza, ambaye ndiye pia aliyeutunga ule wa *The Last King of Scotland* mwaka 2006. Safari hii mwenye kumbukumbu ni mzee wa Kikuyu aliyepigania uhuru, na muziki unakubali kuwa upande wake. Hiyo ni hatua, nami sitaidharau. Uraia wa mtunzi si dhambi. Hata hivyo miaka 25 imepita kutoka Kanuthia hadi Maruge, na kiti cha msindikizaji bado kilikuwa kinakaliwa na mgeni katika filamu ambayo kila mhusika wake mkuu ni mtu wa hapa.

Ninapoangalia yanayofanyika sasa katika Bungoma na Trans Nzoia, matumaini yangu yako mahali pasipotazamwa na wahakiki: filamu fupi za wanafunzi zinazoshindanishwa katika tamasha la kitaifa la drama na filamu la shule. Kitale hasa ni mji wa kufaa. Mbukusu, Msabaot, Mpokot, Mturkana, Mkikuyu na Mnandi hukutana humo kwa Kiswahili, na katika darasa moja unaweza kupata watoto wanaojua nyimbo za lugha tano. Lakini katika filamu chache nilizozitazama, muziki ulikuwa umechukuliwa tayari kwenye mtandao: vinanda vya kigeni vya huzuni mtoto anapofukuzwa nyumbani, ngoma zisizo za mtu yeyote jua linapochomoza. Katika mojawapo, ya shule ambayo sitaitaja, kulikuwa na onyesho la baba akisimulia kisa cha familia, na nyuma yake zikalia noti za piano. Onyesho hilo lilikuwa limeandikwa kwa mwendo ule ule wa mpiga litungu: sentensi, kituo, jina, kituo.

Walimu wa Kiswahili ndio mara nyingi huandika miswada ya filamu hizo na kuketi katika meza za waamuzi. Ningewaomba waingize katika fomu ya kutolea alama nafasi nne, kila moja ikijazwa kwa jina la mtu: aliyeutunga wimbo, aliyeupiga, mwenye rekodi, na aliyeuchagua kwa ajili ya picha. Shule ikishindwa kujaza nafasi ya kwanza, ipunguziwe alama, hata kama wimbo wenyewe ni mtamu. Na mwanafunzi atakayeandika "wimbo wa jadi" aulizwe ni wa jadi ya nani, ulisikiwa kijiji gani, na ni nani aliyeupiga siku ile ulipokuwa unarekodiwa.